Mwaka wa Ngao Mchovu

Simu ya msiba ilinikuta Dongobesh, nimeketi kwenye ndoo iliyogeuzwa nje ya duka ninalofanyia kazi, nachambua vitunguu saumu. Aliyepiga ni Mama Zaina wa Katesh, mke wa Mzee Hamisi, na aliongea kwa ufupi wa mtu ambaye ameshapiga simu nyingi kabla ya hiyo. "Mwanangu, mzee wako ametangulia. Tunazika kesho baada ya adhuhuri." Nikampa pole, kisha nikauliza jambo ambalo mtu asiyetujua angeshangaa kulisikia wakati kama ule. "Kabula ameshajua?" Mama Zaina akavuta pumzi. "Huyo? Yuko hapa tangu alfajiri. Ameshanitukana mimi, amemtukana marehemu, amemaliza chai yote." Na hapo, katikati ya kilio, nikamsikia anacheka. Kabula ni Msukuma. Mzee Hamisi alikuwa Mnyaturu. Makabila haya mawili ni watani tangu zamani, na mtani ana haki ambayo ndugu wa damu hana: anaweza kukukejeli ukiwa mzima, ukiwa mgonjwa, na hata siku unayobebwa kwenda kaburini, na wafiwa hawaruhusiwi kukasirika. Hilo nililijua tangu utotoni kama kila mtu. Lakini kulijua jambo si kulielewa, na mimi ilinichukua mwaka mzima wa kumshuku kila mtu ndipo nikalielewa.

Aya hiyo hapo juu nimeiandika upya mara nyingi kuliko ninavyotaka kukiri. Ndivyo nilivyo. Nikifunga mlango narudi kuhakikisha nimeufunga. Nikituma ujumbe nausoma baada ya kuutuma, na nikiona nukta imekosekana nautuma tena. Mwaka ninaousimulia nilikuwa na miaka kumi na tisa, na tabia hiyo ilikuwa mbaya zaidi ya sasa. Nilikuwa nimekuja Katesh kufanya kazi kwenye steshenari ya Mzee Hamisi, kwenye barabara ya kuelekea mnadani: kutoa fotokopi, kupiga picha za pasipoti mbele ya kitambaa cha bluu, kuwachapia watu barua za kuomba kazi. Muda wote uliobaki nilichora katuni. Hakuna aliyenifundisha. Nilijifunza kwa kuangalia video kwenye simu yenye kioo kilichopasuka, nikichora kwa kidole, picha baada ya picha, mpaka siku mtu wangu wa kwanza alipotembea bila kuanguka. Nililia kwa furaha. Kisha nikamfuta, kwa sababu goti la kushoto lilikuwa limekaa vibaya.

Katuni yangu iliitwa Ngao. Ngao alikuwa shujaa aliyeishi juu ya Mlima Hanang, ndani ya ukungu, na alishuka pale tu wezi walipoiba ng'ombe wa watu wa tambarare. Alikuwa na taya la mraba, joho jeusi lililopepea hata pasipo upepo, na ngao ya ngozi ya nyati iliyorudisha mshale kwa aliyeurusha. Hakucheka hata mara moja. Nilikuwa nimeamua kabisa kwamba asicheke, kwa sababu katuni zote zilizofika kwetu zilimwonyesha mtu wa kijijini akiwa mjinga wa kuchekwa, na mimi nilitaka mtoto wa kijiji cha Gehandu anayechunga ndama aone mtu anayefanana na baba yake amesimama wima na dunia inamwogopa. Hilo nalitaka hata leo. Sitaki mtu asome habari hii akadhani nimelitupa.

Sauti ya Ngao ilikuwa ya Mzee Hamisi. Kabla ya kufungua duka alikuwa mpiga debe wa mnada wa ng'ombe, na watu walisema akitaja bei pale zizini, mama anayekaanga maandazi stendi anaisikia. Siku nilipomwomba anisomee mistari michache alivua miwani, akaifuta kwa shati, akaniuliza, "Huyo Ngao ana wake wangapi?" Nikasema hana mke. "Basi ndiyo maana hacheki," akasema, akakubali. Tulirekodia stoo, nyuma ya duka, chumba chembamba kilichojaa marobota ya karatasi, chenye harufu ya wino na ya tangawizi ya chai yake. Nilitundika blanketi ukutani ili sauti isirudi. Yeye aliketi kwenye katoni, mimi nikasimama na simu, na kwa kuwa hatukuweza kufunga duka, kila baada ya sentensi mbili mtu aligonga kaunta. Ngao anasema, "Enyi wenye tamaa, mlima umewaona!" halafu hapohapo, kwa sauti ileile ya radi, "Hebu ngojeni kidogo, kuna mteja." Anaondoka, anatoa fotokopi ya kitambulisho, anarudi, anakohoa, anauliza kama chai imechemka. Nami nasimama palepale na simu, mwili mzima unawasha, nasema, "Mzee, tena. Bila kukohoa." Anasema tena. "Tena, Mzee. Umeumeza huo 'mlima'." Anasema tena.

Kabula alikuwepo mara nyingi. Tulipanga chumba kimoja, mimi na yeye, nyuma ya soko, pamoja na magunia ya dagaa ambayo mama yake alimtumia kutoka Mwanza, kiasi kwamba nguo zangu zote, hata ya kanisani, zilinuka ziwa ambalo sijawahi kuliona. Mchana, soko likipoa, alikuja dukani kwa Mzee Hamisi, akakaa mlangoni mwa stoo, na vita vikaanza.

"Mtumwa wangu, hujambo?"

"Nani mtumwa? Babu yako alikuja kwetu kuomba mtama, tukamwonea huruma tukampa na mke."

"Na huyo mke ndiye aliyemfundisha kuoga. Haya, endelea kubweka humo ndani. Mlima umewaona! Wewe umeona nini, na miwani kama chini ya chupa?"

"Emi, mtoe huyu Msukuma, dagaa wake wananiharibia Kiswahili."

Mzee alicheka mpaka akakohoa, akakohoa mpaka akashika ukuta. Jioni, nikiwa peke yangu na kompyuta ya duka, niliyakata hayo yote. Kwenye kioo sauti huonekana kama mstari wenye milima, na mimi nilijifunza kukitambua kikohozi chake kwa macho: vilima vitatu vifupi na kimoja kirefu. Nilikifuta. Nilifuta mteja, nikafuta chai, nikafuta matusi ya Kabula. Kilichobaki kilikuwa Ngao mtupu, safi kama maji ya chupa. Wakati huo nilijivunia. Leo nikiwaza najiuliza ni mtu gani anayeweza kukikata kikohozi cha mzee kwa miezi mingi, kikizidi kurefuka mbele ya macho yake kwenye kioo, asiseme siku moja, "Mzee, umekwenda hospitali?" Wengine walisema. Mama Zaina alisema. Ilikuwa uvimbe kooni. Kiangazi kilipoanza alipelekwa hospitali ya rufaa, wakamtoa kisanduku cha sauti ili abaki na uhai. Alirudi na tundu shingoni, amelifunika kwa kitambaa cheupe ambacho Mama Zaina alikishona mwenyewe, na hakuweza kutoa hata mguno. Alipotaka kusema jambo aliandika kwenye kompyuta ya duka, kwa herufi kubwa kabisa, kama bado anapiga debe.

Hapo nikafanya jambo nililolidhani la wema. Siku ya kwanza Kabula kuja dukani baada ya operesheni, alisimama mlangoni, akamtazama mzee na kitambaa chake, na nikaona kabisa mdomo wake unajiandaa. Nikamvuta pembeni. "Leo usimtukane, tafadhali. Muonee huruma." Kwetu Mbulu msiba na ugonjwa ni mambo ya ukimya. Wazee wa zamani walimtenga hata mfiwa mpaka muda upite, na ukimya ndio heshima tunayoijua. Kabula alinitazama kama mtu aliyeombwa asimpe mgonjwa maji. Lakini alinyamaza. Akasema, "Shikamoo, Mzee," kwa adabu, kama mgeni, akanunua bahasha asiyoihitaji, akaondoka. Mzee Hamisi akabaki anautazama mlango. Kesho yake ikawa hivyohivyo, na kesho kutwa. Katesh nzima ilikuwa imezoea kuwasikia wale wawili, na sasa Katesh nzima ikasikia kwamba hawasikiki.

Mtani akinyamaza, watu huanza kutafuta sababu. Nilianza kuihisi hofu yao kwanza kwa namna wateja walivyonipa pesa bila kunigusa kiganja. Kisha nikaisikia. Nilikuwa kwa mama ntilie, nyuma ya pazia linalotenganisha meza na jiko, nasubiri makande, na wanawake wawili wanaosuka mikeka walikuwa upande wa pili.

"Si yule Mbulu wa kwenye steshenari?"

"Yule mwembamba?"

"Huyohuyo. Alikuwa anamfungia mzee stoo. Anamwambia sema tena, sema tena, sema tena. Mpaka ikaisha."

"Acha wewe! Sauti inaisha kama vocha?"

"Basi niambie iko wapi. Na kwa nini yule binti wa dagaa hamtanii tena? Yeye analala naye chumba kimoja, anajua kitu. Anaogopa."

Makande yalipokuja sikuweza kuyala. Niliyabeba kwenye mfuko mpaka dukani, nikayamwaga nyuma. Nilijua sikufanya uchawi wowote, lakini mtu mwenye tabia yangu hahitaji kuwa na kosa ili ajione ana kosa. Nilihesabu moyoni kila "tena" niliyowahi kumwambia. Nikaacha kuchora. Sehemu ya mwisho ya Ngao, ile ambayo shujaa anawaaga watu na kurudi mlimani, ilikuwa imechorwa yote, na ilikosa kitu kimoja tu: maneno yake ya kuaga. Hatukuwa tumeyarekodi. Nilikuwa nikiyaahirisha kwa sababu sikuwa nimeridhika na sentensi.

Ndipo ikatokea ile video. Niliiona kwenye simu ya mteja, kijana aliyekuja kupiga picha ya pasipoti, ambaye hakuweza kutuliza uso kwa kicheko. "Dada, hujaiona? Ngao Mchovu!" Akanionyesha. Alikuwa Ngao wangu, ila ametiwa tumbo, taya limelegea kama la mtu aliyetoka kulala, joho limekuwa fupi kama aproni, na miguu imevimba kama maandazi. Anashuka mlimani akishika kiuno. Wezi wa ng'ombe wanamsubiri, wanatetemeka. Anainua ngao, anafungua kinywa, na sauti inayotoka ni ya Mzee Hamisi: "Enyi wenye tamaa, mlima umewaona! Hebu ngojeni kidogo, kuna mteja." Anaketi kwenye jiwe. Wezi wanangoja. "Chai imechemka?" Mwizi mmoja anamletea. Kuna kanga mdogo, ndege mwembamba mwenye macho makubwa, anayemzunguka miguuni akipiga kelele, "Tena, Mzee! Bila kukohoa!" Ngao anakohoa, vilima vitatu vifupi na kimoja kirefu, mpaka mwizi anampigapiga mgongoni. Mwishowe wezi wanachoka kusubiri kutishwa, wanawarudisha ng'ombe wenyewe.

Sikucheka. Sauti zile nilikuwa nimezifuta kwa mkono wangu mwenyewe, moja moja. Hazikuwa kwenye simu yangu, hazikuwa kwenye kompyuta. Na sasa zilikuwa zikizunguka Katesh, na kabla ya siku hiyo kwisha nilimsikia mtu akisema barabarani, bila hata kushusha sauti, "Mmeona? Mzee bubu, sauti yake iko kwenye simu inaongea. Na huyo kanga ni yeye mwenyewe anamwamuru." Waliokuwa na wasiwasi sasa walikuwa na ushahidi. Mama mmoja alimvuta mwanawe nilipotaka kumpiga picha. Mtu wa ukoo wa Mzee Hamisi alikuja kutoka upande wa Singida, akaketi dukani bila kununua kitu, akiitazama simu yangu kila nilipoishika. Nilielewa wazi: nisipojua nani ametengeneza kitu kile, sitaondoka Katesh kama mtu aliyeacha kazi, nitaondoka kama mtu aliyefukuzwa na mji.

Nikawa mpelelezi. Nilibadili maneno ya siri ya kompyuta asubuhi na mchana. Nilibandika unywele kwenye droo. Niliiangalia video ile mpaka nikaijua kuliko kazi yangu, nikitafuta mkono wa aliyeichora, na kila nilipoiangalia niliudhika na jambo ambalo ninaona aibu kulitaja: mchoro ulikuwa mbaya, mistari haikukutana, kivuli kilianguka upande wa jua, na bado ulitembea vizuri kuliko wangu. Nilimshuku fundi wa simu. Nilimshuku yule kijana wa pasipoti. Nilimshuku Kabula pia, kidogo, kwa sababu alikuwa ameanza kurudi chumbani amechelewa na kuficha simu chini ya mto. Nilipomuuliza alisema ana mchumba. Niliamini kwa siku moja. Zaidi ya wote nilimshuku Stivu, aliyekuwa na kibanda cha kurushia watu nyimbo kwenye memori mkabala na duka letu, kwa kuwa video ilianzia kwake. Hilo watu wote walikubaliana.

Nilivuka barabara nikiwa nimejiandalia maneno. Nikayasahau yote. "Nani amekupa?" nikasema.

Stivu alishusha sauti ya spika. "Shikamoo kwanza, dada. Mimi ni mkubwa kwako."

"Shikamoo. Nani amekupa?"

"Marahaba. Sasa, Emi, mimi nauza nyimbo. Kuchora sijui hata yai. Aliyeniletea ni Mzee mwenyewe."

"Mzee gani?"

"Mzee wako! Amekuja hapa na memori yake, akaniwekea mezani, akanionyesha kwa kidole, weka hii, wape watu wote." Akaonyesha kidole hewani, kwa mkono uliotetemeka kama wa mzee. "Nikamuuliza ni ya nani, akanicheka. Si unajua anavyocheka sasa, mabega tu."

Nilimwambia ni mwongo. Nilisema kwa sauti, watu wakageuka. Nikarudi dukani na machozi ya hasira, na Mzee Hamisi alikuwa kwenye kompyuta, miwani puani. Nadhani alikuwa amenitazama muda wote kupitia mlango, kwa sababu alishaandika tayari, kwa herufi kubwa zilizojaza kioo kizima: NI MIMI NA MTUMWA WANGU.

Nikaketi kwenye katoni. Akatoa simu yake ya zamani, akaiweka kiganjani mwangu. Kumbe kila tulipokuwa tukirekodi, yeye naye aliiwasha ya kwake, ikiwa kwenye mfuko wa shati. Akaandika, polepole, herufi baada ya herufi: NILIKUWA NASIKILIZA NYUMBANI. ILI KESHO NISIKOSEE. WEWE MKALI. Nikasema, "Mzee, nisamehe." Akatikisa mkono, kama anayemfukuza nzi. Nikauliza basi kwa nini hakuniambia, kwa nini walinificha, kwa nini wamemfanya Ngao kuwa kichekesho. Kisha akaandika: KWENYE YAKO SINA KIKOHOZI. NANI ATANITAMBUA?

Nilisimama kwenda kumtafuta Kabula, nikamkuta mlangoni, amesimama na beseni tupu la dagaa kichwani. "Uliniambia nisimtukane," akasema. "Nikakaa siku tatu tumbo linaniuma. Ya nne akanifuata sokoni mwenyewe, mzee wa watu, akasimama mbele ya meza yangu, anasubiri. Anasubiri tusi, Emi! Watu wanapita na yeye amesimama tu. Nikasema basi, kama Mbulu wangu hataki nimtukane kwa mdomo, nitamtukana kwa picha." Nikamuuliza amejifunzia wapi kuchora. Akacheka. "Miezi yote hiyo nimekaa mlangoni kwako, ulifikiri naangalia nini? Mlima?" Nikamwambia habari za mama ntilie, za yule mama na mwanawe, za mgeni kutoka Singida. Kumbe hawakujua. Nani angemwambia mgonjwa kwamba amerogwa, na nani angemwambia mtani wake? Kabula alishusha beseni. Alimgeukia Mzee Hamisi, naye alikuwa ameshasimama, na sijawahi kumwona amekasirika namna ile, wala hakuwa na chochote cha kukasirikia nacho isipokuwa mikono. Akaandika neno moja: MNADA.

Siku ya mnada barabara yetu hujaa tangu asubuhi. Wachungaji na fimbo zao, wauza nguo, ng'ombe wanaokatiza mbele ya malori. Mzee Hamisi alitoa kioo cha kompyuta hadi barazani, akakiweka juu ya meza ya fotokopi, akaunganisha ile spika aliyokuwa akipigia debe zamani. Alivaa koti lake la kahawia na kofia. Akawasha. "Enyi wenye tamaa, mlima umewaona!" Watu wakasimama. Wengine walikuwa hawajaisikia sauti ile tangu kiangazi. Niliona mzee mmoja mchungaji akivua kofia kana kwamba mtu ameingia. Mzee Hamisi alisimama kando ya kioo, na kila sauti yake ilipotoka, aliifuata kwa mwili: akaketi Ngao alipoketi, akashika kiuno, akainua kikombe, akakohoa bila sauti huku spika ikikohoa kwa ajili yake. Yule ndugu wa Singida alikuwa mlangoni, mikono kifuani. Kisha Kabula akapasua umati.

"Bubu wangu!" akapiga kelele. "Leo umemkodi nani akusemee? Mungu amekuona unavyonitukana, akakunyang'anya chombo!"

Umati ukamgeukia Mzee. Mzee Hamisi alivua kandambili. Akamkimbiza Kabula kuzunguka meza, kitambaa cheupe kinapepea shingoni, na Kabula akajificha nyuma ya ng'ombe wa watu, akiendelea kutukana, na mabega ya mzee yakaanza kutikisika. Nilisikia kicheko kikianzia mbele, kikasambaa nyuma mpaka kwenye malori. Yule ndugu wa Singida alicheka mwisho, lakini alipocheka alishika nguzo. Mmoja wa wale wasuka mikeka alinigeukia, akanitazama juu mpaka chini, miguu yangu myembamba, macho yangu makubwa. "Kumbe kanga ndiye wewe!" akasema, akanipiga begani kwa mkono mzima. Akanigusa. Kuanzia siku ile nilikuwa Kanga, Katesh nzima, na hakuna aliyewahi kumvuta mtoto wake tena nikimpiga picha.

Ningependa kusema kwamba siku hiyo niliipenda Ngao Mchovu. Sikuipenda. Niliishukuru, na bado niliona wivu. Watoto walimwiga Ngao mwenye tumbo, si wangu mwenye taya, na hata leo hapa Dongobesh nikimwona mtoto ameinamia simu akicheka, najua kabla sijafika anaangalia nini. Wengi hawajui kulikuwa na Ngao mwingine kabla yake. Nilihama Katesh mwaka uliofuata, nikiibeba ile sehemu ya mwisho bila maneno yake. Stivu alijitolea kuyasema. Nilikataa. Niliandika ile sentensi ya kuaga upya kila mwaka, ikazidi kuwa nzuri, na hapakuwa na mtu wa kuisema.

Siku ya mazishi, wanaume walipolibeba jeneza kutoka ndani, Kabula alikuwa ameziba lango. Alivaa koti la kahawia la marehemu, limemfika magotini, na kofia yake, na miwani yake. Mkononi alikuwa na spika ndogo. "Haondoki!" akasema. "Huyu ni mtumwa wangu, haondoki bila kuniaga!" Wazee wakamsihi, kama inavyotakiwa. Mama Zaina akaahidi jogoo. Kabula akasema jogoo wa Wanyaturu ana miguu mirefu kuliko nyama. Kisha akabonyeza, na ua lote, watu waliojaa mpaka barabarani, likamsikia Mzee Hamisi akisema kwa sauti yake ya mnadani: "Hebu ngojeni kidogo, kuna mteja." Jeneza lilitikisika juu ya mabega ya waliolibeba. Shehe alijifunika uso na hatukuweza kujua analia au anafanya nini. Mimi nilikuwa nimeketi kwenye mkeka na wanawake, na ndipo nikaicheka katuni ile, kwa mara ya kwanza tangu itengenezwe, mpaka Mama Zaina akanishika kichwa akakilaza pajani mwake.

Jioni, tukiwa tunaosha masufuria, Mama Zaina alinipa ile simu ya zamani. Alisema Mzee aliagiza apewe Kanga. Nimekaa nayo wiki kadhaa sasa, nikisikiliza, na sijafuta chochote. Juzi nililipata neno la kuaga nililokuwa nikilitafuta, mwishoni mwa siku moja ambayo siikumbuki, baada ya mimi kusema "tena" na yeye kukosea tena. Nimemtumia Kabula, naye ameichora upya miguu ya Ngao kwenye ile safari ya kurudi mlimani, kwa sababu yangu ilitembea kama ya askari. Uso nimeubakiza ulivyokuwa, hautabasamu. Ngao anafika kwenye ukungu, anageuka, anawatazama watu wa tambarare. Anakohoa. Halafu anasema, "Haya, mimi nakwenda kuswali mara moja. Nikirudi tunaendelea."